Mpokea Simu Kutoka Nyumba ya Viziwi

Ndugu, jamaa, majirani na wote mlioacha shughuli zenu kuja kukaa nasi leo, mimi ni mtoto wa kwanza wa marehemu, wadogo zangu wawili wamenituma nisome historia ya mama yetu kwa sababu wanasema mimi ndiye mwenye sauti ya kufika nyuma, nami nimekubali, ila mjue kwamba haya tumeyaandika watatu, kwenye meza yake, tukibishana tarehe, kwa hiyo mkisikia palipokosewa, lawama tugawane.

Marehemu alizaliwa siku ya Ijumaa, tarehe 14 Machi 1952, saa tatu asubuhi, katika chumba cha pili kutoka kona, kwenye nyumba ya vyumba sita iliyokuwa nyuma ya kiwanda cha ngozi, akiwa mtoto wa kwanza na, kama mtakavyosikia, mtoto pekee wa wazazi wake, baba yake akiwa fundi viatu na mama yake mshonaji wa sare za shule, na wote wawili wakiwa viziwi, babu kwa homa iliyompata akiwa na miaka mitatu, bibi tangu kuzaliwa. Walijuana katika shule ya viziwi, wakaoana, wakapanga chumba kile, na mtaa mzima ukakiita "kwa mabubu", hata barua ziliandikwa hivyo na zikafika bila kupotea.

Kwa muda wa miezi mitatu hakuna aliyejua kama mtoto anasikia au hasikii, mpaka siku ambayo mke wa mwenye nyumba alidondosha mfuniko wa sufuria kwenye saruji nyuma ya kichwa cha mtoto, mtoto akashtuka na kuangua kilio, na yule mama akamshika bibi mkono, akamwonyesha sikio la mtoto, akaudondosha tena ule mfuniko, na tena, na tena, mpaka wapangaji wote wakatoka kuuliza kulikoni. Babu alipoelezwa hakucheka wala hakulia, alirudi kwenye kigoda chake, akashona soli nzima ya kiatu cha mteja, ndipo akauliza kwa mikono swali moja tu, kwamba mtoto huyu atajifunzia wapi kuongea.

Ikakubaliwa kwamba kila siku baada ya chakula cha mchana Mama awekwe jikoni kwa mke wa mwenye nyumba, mahali penye watu na penye redio, lakini yule mama alikuwa mtu wa maneno machache na redio ndiyo ilikuwa haizimwi, kwa hiyo Mama alijifunza Kiswahili chake kwa watangazaji, na akiwa na miaka minne alisimama mlangoni pa jiko, akanyoosha mgongo, akasema, "Ndugu wasikilizaji, naomba maji ya kunywa," jambo ambalo mke wa mwenye nyumba alilisimulia mpaka anaingia kaburini. Kwa mikono, hata hivyo, alikuwa amekwisha kuongea mapema zaidi, bibi alidai kwamba mtoto wake alisema "maziwa" akiwa na miezi tisa, na hakuna aliyethubutu kumpinga.

Alianza shule ya msingi Januari 1959, katika shule iliyokuwa ng'ambo ya barabara kuu, akamaliza mwaka 1965, na kuanzia 1966 hadi 1969 akasoma sekondari ya wasichana, wanafunzi wenzake wakimwita "mtoto wa mabubu", walimu wakimwita "Redio". Siku ya wazazi ya mwaka 1960 mwalimu wake wa darasa la pili alimwambia, "Mwambie baba yako unapiga domo darasani kutwa nzima," naye akamgeukia babu, akamwambia kwa mikono kwamba mwalimu anamsifu kwa kushiriki vizuri, babu akamtazama mwalimu, akamtazama binti yake, akauliza, "Mbona uso wa mwalimu unasema kitu kingine?" na jioni ile Mama hakuruhusiwa kwenda jikoni kwenye redio. Miaka yote hiyo yeye ndiye aliyekuwa mdomo na masikio ya nyumba, dukani, kwa mwenye nyumba, kwa wateja wa viatu waliokuja kugomba, zahanati, kila mahali.

Tarehe 1 Februari 1971 aliajiriwa kama opereta katika ofisi ya simu. Katika usaili aliwekwa nyuma ya pazia, wasailiwa wote waliwekwa hivyo, kwa sababu wasaili walitaka sauti tu, akasomeshwa orodha ya namba na majina ya mitaa, na alipotoka nyuma ya pazia walikuwa wamekwisha kumkubali. Kwenye fomu, mahali pa wazazi, aliandika fundi viatu na mshonaji, akaishia hapo. Chumba cha kazi kilikuwa ghorofa ya pili, madirisha hayafunguliwi kwa sababu ya kelele za barabarani, wasichana kumi na wawili wamekaa safu moja mbele ya ubao mrefu wenye matundu na vitaa, taa ikiwaka unachomeka waya, unauliza namba, unaunganisha, na Mama akajulikana kwa wapigaji kama Dada Taratibu, maana mtu akipiga kwa hamaki alikuwa akimwambia, "Taratibu, nakusikia," na wengi walitulia. Akirudi nyumbani alikuwa hasemi neno, alisema mdomo umetoka zamu, sasa ni zamu ya mikono.

Katika kazi hiyo ndipo alipojuana na baba yetu, aliyekuwa fundi wa nyaya za simu, ambaye kila alipopanda nguzo ilimlazimu kupiga ofisini kujaribu laini, na ikaanza kuonekana kwamba laini za upande ule zinahitaji kujaribiwa mara nyingi kuliko kawaida. Waliongea miezi mitano bila kuonana. Walipoonana wakapendana, na mwezi Juni 1973 Baba akaenda kujitambulisha kwa wakwe, akiwa amejifunza alama chache kwa siri kutoka kwa kiziwi mmoja aliyeuza magazeti, akasimama mbele ya babu, akasema kwa mikono maneno aliyodhani ni "nimekuja kumwomba binti yako", babu akaitikia kwa kichwa kwa heshima, akaingia ndani, akatoka na futi ya kamba, akapiga magoti na kuanza kumpima miguu, kwa sababu Baba alikuwa amesema amekuja kuagiza viatu. Mama alikaa kimya makusudi mpaka mguu wa pili ulipokwisha kupimwa. Viatu vile vilishonwa, na Baba alivivaa siku ya harusi, Jumamosi, tarehe 7 Septemba 1974.

Siku hiyo mjomba wa bwana harusi, aliyekuwa msimamizi wa ratiba, alimwita Mama pembeni akamwambia kwa upole kabisa, "Binti, hotuba ya baba yako tuiruke, muda umekwenda, na watu hawataelewa kitu." Mama akamjibu, "Wataelewa, mimi nipo," akainua gauni lisiburuzike, akaenda kusimama kando ya baba yake mbele ya watu wote, babu akasema kwa mikono na bibi harusi akasema kwa sauti, "Nimemlea mtu ambaye sauti yake sijawahi kuisikia. Nyinyi mnasema ni nzuri, nawaamini. Mimi namjua kwa miguu, akikasirika sakafu inaniambia. Bwana mdogo, ukiona sakafu imetulia, mshukuru Mungu, ukiona inatikisika, toka nje kwanza." Watu walicheka mpaka wakashika mbavu, mjomba naye akacheka, lakini Baba alitusimulia kwamba pale kwenye maneno ya sauti ambayo hajawahi kuisikia Mama alikwama, mikono ya babu ikabaki hewani ikimngoja, hadi alipoendelea.

Mungu aliwajalia watoto watatu, mimi niliyezaliwa tarehe 2 Mei 1976, mdogo wangu wa kiume aliyezaliwa tarehe 20 Novemba 1979, na kitinda mimba wetu wa kike aliyezaliwa tarehe 8 Julai 1984. Nyumbani kwetu Mama aliongea nasi Kiswahili tu, mikono yake tukaiona ikifanya kazi Jumapili tulipokwenda kwa babu na bibi, nasi tulijua alama nne, njoo, kula, lala na acha, pamoja na ile ya bibi ya kutushika mashavu ambayo mpaka leo sijui kama ni alama au ni mapenzi yake tu. Babu alikuwa akisema jambo refu, mikono ikipanda na kushuka, macho yakicheka, tukimwuliza Mama, "Babu anasema nini?" Mama alijibu, "Anawasalimu." Salamu ya dakika nzima.

Hapa sina budi kusema na la kwangu, kwa sababu wadogo zangu wamesema nisipolisema watalisema wao. Mwaka 1990, nikiwa na miaka kumi na minne, nilimwomba Mama asije na babu na bibi kwenye siku ya kugawa zawadi shuleni, nikasingizia kwamba viti ni vichache, wakati viti vilikuwa tele, Mama akanitazama, akasema, "Sawa," akaja peke yake. Mwaka uliofuata nilijuta, nikamwomba anifundishe alama, akasema, "Wewe soma vitabu vyako," nami nikaamini ananiadhibu. Babu alifariki tarehe 17 Aprili 1993, bibi akafuata tarehe 6 Desemba 1997, watu tuliokula nao kila Jumapili na hatukuwahi kuzungumza nao hata siku moja, na jioni ya siku tuliyomzika bibi mdogo wangu alimwambia Mama mbele ya wageni, "Wewe uliwaonea aibu wazazi wako, na sisi ukatunyima." Mama alikusanya vikombe akapeleka jikoni, na neno hilo likakaa katikati ya nyumba yetu kwa miaka ishirini na miwili.

Narudi kazini kidogo, kwa sababu kuna jambo ambalo wenzake wa ofisini wametuomba lisisahaulike. Tarehe 9 Juni 1983, saa nane mchana, taa moja iliwaka kwenye ubao, opereta aliyekaa jirani na Mama akaipokea, akasikia mtu anatoa sauti nzito isiyo na maneno, akasema, "Mlevi huyu, mchana kweupe," akachomoa waya. Taa ikawaka tena, akachomoa tena. Ilipowaka mara ya tatu Mama alinyoosha mkono mbele yake, akaichukua laini ile, akasikiliza, kisha akatazama namba, ikawa ni karakana ya seremala, akaita gari la wagonjwa na kulituma huko bila kuuliza ruhusa ya mtu. Walimkuta mwenye karakana amelaliwa na mbao miguuni, na fundi wake, ambaye ni kiziwi, ameshika simu kwa mikono miwili, akiita tu, asijue kama kuna mtu upande wa pili, na seremala yule alipona. Msimamizi alipotaka kuandika taarifa alimwuliza Mama mbele ya wasichana wote, "Ulijuaje kama si mlevi?" na Mama, ambaye kwa miaka kumi na miwili hakuwa ameufungua mdomo wake ofisini kuhusu nyumbani kwao, alisema, "Ndivyo baba yangu anavyoniita." Wenzake watano walio hapa leo wanasema taa ziliwaka kwa muda ubao mzima na hakuna aliyezipokea.

Baada ya siku ile hakuficha tena. Mwaka 1988 chama cha viziwi kilipoanzishwa, katika chumba juu ya duka la vitambaa, Mama alikwenda kujiandikisha, akiwa na fomu yake aliyoijaza vizuri, lakini mwanachama mmoja alisimama akasema kwa mikono, "Huyu si mwenzetu, anatusikia hata tusipotaka," ikapigwa kura, wakaamua kwamba anaweza kukalimani, ila yeye mwenyewe hatapiga kura. Nje watu walimwita mtoto wa mabubu, na mule ndani akawa mtu wa masikio. Alikwenda hata hivyo, kila Jumamosi ya pili, miaka thelathini, akiwakalimania mikutano ambayo ndani yake hakuwa na kauli, na sisi nyumbani tulijua tu kwamba Mama yuko chamani, hatukuwahi kuchukuliwa.

Chumba cha simu kilifungwa tarehe 31 Oktoba 1996 mitambo mipya ilipofika, Mama akahamishiwa mapokezi ya ofisi ya maji, akastaafu tarehe 30 Machi 2007. Baba alifariki tarehe 19 Agosti 2011, akiwa bado anakosea alama, na Mama alisema amezikosa sana zile alama mbovu.

Mnamo Februari 2018 sauti ya Mama ilianza kukwaruza, akadhani ni mafua, akanywa dawa za dukani mwaka mzima tukimgombeza, na tarehe 5 Septemba 2019 daktari wa koo akatuambia ni saratani ya zoloto, yaani sehemu ya koo inayotengeneza sauti, na kwamba itabidi iondolewe yote. Mama aliuliza swali moja, "Mikono mnaniachia?" Daktari hakuelewa, akamhakikishia kwamba mikono haihusiki kabisa. Upasuaji ulifanyika tarehe 22 Oktoba 2019, na maneno ya mwisho aliyoyasema kwa sauti yake, akiwa anasukumwa kwenda chumba cha upasuaji, sisi watatu tukimfuata kwa macho mekundu tukingoja jambo kubwa, yalikuwa, "Mlango wa uani msiubamize, bawaba imelegea."

Baada ya hapo alitumia daftari. Aliandika kama mtu anayetuma telegramu, maji, dirisha, asante, bado, na ikiwa swali letu lilihitaji jibu refu alifunga daftari. Tarehe 3 Novemba alitembelewa na Mama Vifungo, mshonaji aliyefanya kazi na bibi, ambaye ndiye mwenyekiti wa chama na yuko hapa mbele, kiziwi tangu utotoni, na mara tu alipoingia Mama aliketi kitandani, mikono yote miwili ikaanza kwenda, ya Mama Vifungo ikajibu, Mama akacheka bila sauti mpaka mabega yakatetemeka, nasi tumesimama ukutani na chupa zetu za uji, watoto aliowazaa, hatuambulii hata neno. Nakiri kwamba nilimwonea wivu Mama Vifungo. Tulimwuliza Mama, "Anasema nini?" akatuandikia, "Mengi," na chini yake, "Tafuteni mkalimani."

Ndivyo tarehe 16 Novemba 2019, saa kumi alasiri, dada huyu aliyesimama hapa kushoto kwangu alivyofika nyumbani, akatueleza utaratibu wa kazi yake, kwamba akisema "mimi" si yeye, ni Mama, na kwamba tumtazame Mama, tusimtazame yeye. Nadhani hajawahi kupata mteja mgumu kama huyo, kwa sababu Mama alikuwa anasikia, na kila neno lilipotoka silo aligonga mkono wa kiti, arudie. Mdogo wangu wa kiume ndiye aliyeuliza, kwa sababu lilikuwa lake, "Mama, kwa nini hukutufundisha?" Mikono ya Mama ikainuka kutoka juu ya kanga, na mkalimani akasema:

"Nilikuwa na miaka tisa. Mama yangu alikwenda kujifungua, tarehe 3 Agosti 1961, na mimi nikapelekwa, kwa sababu hospitali hapakuwa na mtu wa kuzungumza naye. Daktari alinikuta kwenye benchi, akaniambia, mwambie mama yako mtoto amezaliwa hana uhai, na kizazi imebidi kiondolewe. Neno kizazi sikulijua. Nikamwuliza, akanionyesha tumbo, akaniambia, mwambie hatazaa tena. Nilikwenda kunawa mikono kwanza, ilikuwa na wino wa shule. Kisha nikaingia, nikamwambia."

Mkalimani alinyamaza hapo, Mama akagonga kiti, naye akaendelea, "Mama yangu hakunilaumu. Lakini tangu siku ile alipoitazama mikono yangu niliona anaikumbuka habari ile. Nikaapa kwamba nikizaa, mtoto wangu hatakuwa mdomo wa mtu mzima. Mngejua alama, babu na bibi wangewatuma kila mahali, wasingekuwa na jinsi, kama wasivyokuwa na jinsi kwangu. Nikawafungia mlango, mkawakosa. Hilo nalijua. Njia ya katikati sikuiona."

Mdogo wangu alitoka uani, akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, mkalimani akataka kumfuata, Mama akamwashiria abaki, akachukua kiti chake mwenyewe, akaenda kukaa naye, wakakaa huko mpaka chai ikapoa, na hayo yaliyopita kati yao yeye mwenyewe amesema hayamo katika karatasi hii.

Jumanne iliyofuata Mama alitupanga mezani kama darasa, mimi wa miaka arobaini na mitatu, mdogo wangu wa arobaini kasoro siku moja, kitinda mimba wa thelathini na mitano, na kwa miaka miwili na nusu, kila Jumanne na kila Ijumaa, alitufundisha lugha ya wazazi wake. Alikuwa mwalimu mkali. Kitinda mimba alishika haraka, mimi nilikwenda polepole lakini sikosei, mdogo wetu wa kiume amerithi mikono ya Baba, na siku moja alipotaka kumwambia Mama Vifungo kwamba anamheshimu akamwambia kwamba anamkaanga. Katika masomo hayo ndipo Mama alipotueleza, moja baada ya jingine, yale ambayo babu alikuwa akituambia Jumapili, utani wake kuhusu majirani, habari za mbwa aliyekula kiatu cha mteja, na kwamba mimi nilikuwa ninatembea kama askari.

Januari 2021 chama kilipiga kura tena, kikamfanya Mama mwanachama kamili, na alipoitwa mbele kushukuru alisema, "Miaka thelathini na mitatu mmenihesabu nusu, nimekatwa koo ndiyo mmenihesabu mzima," wakagonga meza kwa kicheko, naye katika hoja ya kwanza iliyoletwa siku hiyo akapiga kura ya kupinga, akiwa peke yake.

Mwezi Machi mwaka huu wa 2022 ugonjwa ulirudi, safari hii kwenye mapafu, akalazwa tarehe 28 Aprili katika wodi namba nne. Asubuhi ya tarehe 9 Mei daktari alipita kumwona, mkalimani alikuwa hajafika, daktari akamwuliza Mama anajisikiaje na kama angependa waendelee na matibabu, Mama akaanza kujibu kwa mikono, daktari akanigeukia mimi. Nilisita, maana nilijua kiapo chake. Mama alisimamisha mikono, akaniuliza, "Una miaka mingapi?" Nikamjibu kwa mikono, "Arobaini na sita." Akafikiri, akasema, "Basi unaruhusiwa." Ndipo nikamwambia daktari, nikisema "mimi" kama nilivyomwona mkalimani akifanya, "Nimechoka, lakini siumwi sana. Dawa za maumivu ziendelee, hizo nyingine basi. Nataka kwenda nyumbani." Mama alisikiliza mpaka mwisho, na mkono wa kitanda hakuugonga.

Tulimrudisha nyumbani jioni ile. Mama yetu alifariki dunia siku ya Jumatano, tarehe 11 Mei 2022, saa nne na robo asubuhi, chumbani kwake, dirisha likiwa wazi kama alivyotaka, akiwa na umri wa miaka sabini, ameacha watoto watatu na wajukuu watano, ambao kila mmoja anajua alama zaidi ya nne.

Familia inamshukuru daktari wa koo na wauguzi wote wa wodi namba nne, hasa muuguzi wa zamu ya asubuhi aliyejifunza kusema "umelalaje" kwa mikono, inawashukuru majirani waliochota maji na kufua mashuka bila kuitwa, wafanyakazi wenzake wa chumba cha simu na wa ofisi ya maji, Mama Vifungo na chama chote, mkalimani wetu ambaye amesimama tangu saa tatu na sasa nitamwomba akae, na wote ambao majina yao hatuwezi kuyataja kwa uchache wa muda.

Mama, upumzike kwa amani. Hilo nimelisema kwa sauti kwa ajili ya waliokaa upande huu. Linalobaki nitakuambia kwa mikono, kwa hiyo naweka karatasi chini, na asiyeelewa amgeukie jirani yake wa upande wa pili amwulize, atamweleza.